Yangeyange wa Mzee Huseni

Asubuhi hiyo Sada alikuwa akipepeta mtama uani. Mumewe, Mfaume, akaingia mbiombio.

"Sada, nipe huo mtama. Ndege weupe wamevamia shamba la kijiji. Mahindi yamebaki vijiti! Nitauchanganya na dawa ya panya, wafe wote."

"Ngoja kwanza, baba Kazija," Sada alisema.

Ndege hao aliwajua. Ni yangeyange. Marehemu baba yake, Mzee Huseni, aliwachora. Alikuwa wa kwanza kuchora ndege pande zile za Nyangamara. Watu walimcheka: "Wenzake wanalima, yeye anachora kunguru!"

Sada akatoa daftari la baba sandukuni. Alilitunza miaka mingi, lakini hakuweza kuyasoma maandishi yake. Sasa alikuwa na miezi minane katika darasa la kisomo cha watu wazima.

Akaifunua picha. Subhanallah! Ndege mweupe pe, jicho la manjano likimtazama. Kila unyoya ulichorwa peke yake. Kando yake baba alichora vitu alivyovikuta tumboni mwa ndege aliyekufa. Chini palikuwa na maneno. Sada akayafuata kwa kidole, akisoma.

"Yangeyange. Tumboni: viwavi sitini na tatu. Panzi tisa. Mbegu: hakuna."

Mfaume akainama kuitazama picha. Wakamwita jirani yao Rosalia, bibi shamba wa kijiji. Shambani, Rosalia akafunua jani changa la hindi. Viwavi walikuwa wamejaa tele.

"Mwizi ndiye huyu," alisema. "Ndege amekuja kumkamata, nawe unataka kumuua askari! Na sumu ile ingewafikia kuku, hata watoto."

"Sasa tufanyeje, dada?" Mfaume aliuliza.

"Chimbeni mtaro kuzunguka shamba, viwavi watumbukie humo. Muwafukie. Ndege waacheni wafanye kazi yao."

Kijiji kizima kikashika majembe. Siku nne yangeyange walikula, na mtaro ukajaa viwavi. Baada ya wiki mbili mahindi yakatoa majani mapya.

"Mkwe wangu alikuwa na macho ya kuona," Mfaume alisema. "Nami nilimcheka. Mungu anisamehe."

Sada alilifungua daftari. Alichukua kalamu. Chini ya mwandiko wa baba yake akaandika taratibu, herufi moja moja:

"Ni kweli, baba. Nimesoma. Sada."