Peni Kumi na Mbili za Bibi Hajra

Ko. Kimya kidogo. Ko.

Gizani, kabla ya adhana ya alfajiri, Shakila alisikia korosho zikidondoka moja moja ndani ya beseni la bati. Hakushtuka. Sauti hiyo aliizoea tangu alipoanza kulala chumba kimoja na Bibi Hajra, mama mzazi wa mama yake. Kila alfajiri bibi aliketi mkekani, akadondosha korosho mpaka zikafika kumi na mbili, akanong'ona jambo, kisha akaanza upya.

"Peni, tana, bobu," alinong'ona. "Bobu na tana. Nusu krauni. Imebaki fadhingi."

Shakila alijifunika khanga mpaka puani ili kicheko kisimtoke.

Kulipokucha, nyumba yao ya pale Ruponda iliendelea na shughuli zake. Mama yake, Mwamina, alikoroga uji wa mtama. Shakila alifagia uwanja, akateka maji, akavaa sare yake ya darasa la sita. Bibi alishika fimbo na kikapu, akaenda kuokota korosho nyuma ya nyumba, chini ya mikorosho aliyoipanda yeye na marehemu mumewe.

"Mke mwenzangu," alimwita Shakila, maana ndivyo alivyopenda kumtania, "huku umeacha majani."

"Nimechelewa shule, bibi."

"Haya nenda. Mume wetu Mungu amrehemu. Angeuona ufagiaji huu, angekufa mara ya pili."

Hivyo ndivyo walivyoishi, kwa utani na kwa mapenzi. Kwa hiyo hata Shakila mwenyewe asingeweza kueleza vizuri kwa nini, siku ya gulio, alifanya alichokifanya.

Siku hiyo bibi aliketi na wauzaji wengine, sinia la korosho za kukaanga mbele yake. Shakila alikuwa kando na wenzake, Zuleha na Rashidy. Rashidy alikuwa hodari wa kuigiza watangazaji wa mpira wa redioni, na kila mtu alikuwa anamchekea yeye. Shakila naye akatamani kuchekewa. Akaokota kijiti, akakunja mgongo, akatetemesha midomo.

"Peni, tana, bobu. Imebaki fadhingi."

Zuleha alicheka mpaka akakaa chini.

"Lugha gani hiyo?" Rashidy aliuliza.

Shakila angeweza kusema hajui, na huo ndio ungekuwa ukweli. Lakini kicheko kilikuwa bado kitamu, hakutaka kiishe.

"Majini ya Kizungu," alisema. "Yanampanda bibi kila alfajiri."

Neno likitoka halina breki. Jioni ile lilifika dukani, kesho yake likafika kisimani, na kila lilipopita liliongezewa chumvi. Gulio lililofuata, mama mmoja alimvuta mwanawe mkono asilikaribie sinia la Bibi Hajra. Bibi alirudi nyumbani na korosho zote kama alivyoondoka nazo.

"Leo sijui watu wamepatwa na nini," alimwambia Mwamina. "Naona Ruponda nzima meno yameng'oka."

Alicheka peke yake. Shakila aliinama, akajifanya anafunga kamba za viatu.

Baada ya siku chache simu ya mama iliita. Alikuwa Mjomba Kaimu, kaka mkubwa wa mama, mfanyabiashara wa ufuta kule Ruangwa. Sauti yake ilijaa barazani.

"Mwamina, mama anaumwa na wewe umenyamaza? Nimeambiwa hapa sokoni, na watu nisiowajua, kwamba akili yake imeyumba. Eti mpaka majini."

"Kaka, mama ni mzima."

"Mzima anaongea peke yake gizani? Ijumaa baada ya swala nakuja na gari. Atakaa kwangu. Mikorosho nitaikodisha kwa mtu, maana hataiweza tena."

Katika ukoo wao, mjomba akishasema juu ya mambo ya nyumba, ni wachache wa kumpinga. Mwamina aliishusha simu polepole. Bibi, aliyekuwa ameketi pale pale akimenya mbaazi, aliuweka ungo kando. Aliinuka, akaenda mpaka kwenye mkorosho wa kwanza, akaegemeza kiganja kwenye gome lake, akakaa hivyo mpaka jua likazama. Usiku ule hakugusa ugali.

Siku ya Alhamisi, Shakila alitumwa kumsaidia bibi kufunga nguo. Walikunja khanga kimya kimya. Shakila aliponyanyua lile beseni la bati, bibi akamzuia.

"Hilo liache mpaka kesho. Nitalihitaji alfajiri."

Shakila alisimama nalo mkononi. Swali lililomkaa kooni siku zote hizo likatoka.

"Bibi, yale maneno ni nini? Peni, na bobu, na fadhingi?"

Bibi Hajra alimtazama kwa macho yake yenye ukungu. Kisha akatabasamu, tabasamu ambalo Shakila hakuwahi kuliona usoni pake, kama la msichana wa darasa lake.

"Ni fedha, mke mwenzangu. Fedha ya Waingereza, ya zamani. Kaa hapa."

Alimwaga mbaazi mkekani, akaweka na korosho na vijiwe.

"Nilikuwa mdogo kuliko wewe," alianza, "Wazungu wa karanga walipokuja Nachingwea na matrekta yao, waking'oa pori kama mtu anavyong'oa magugu. Baba yangu alimpikia fundi wao mmoja. Fundi huyo alikuwa na binti, Jeni, wa umri wangu. Hakuwa na mtoto mwingine wa kucheza naye, basi tukacheza. Mama yake alikuwa na kopo la biskuti lililojaa sarafu alizotoka nazo kwao. Hapa kwetu hazikufaa dukani, maana sisi tulikuwa na shilingi yetu, yenye senti mia. Akatupa tuchezee duka."

Aliinua punje moja ya mbaazi kwa vidole viwili.

"Hii fadhingi. Sarafu ndogo kabisa, imechorwa kandege. Kadogo, mkia umesimama hivi. Fadhingi nne, peni moja. Peni ilikuwa kubwa, nyeusi nyeusi, ukiishika inajaza kiganja cha mtoto. Peni sita, sarafu ya fedha, wao waliita tana, kama sisi tunavyoiita elfu moja buku. Na peni kumi na mbili..."

"Zikifika kumi na mbili unaanza tena," Shakila alisema taratibu.

"Eeh. Peni kumi na mbili, shilingi moja. Mitaani wakaiita bobu. Shilingi ishirini, pauni."

Shakila alizitazama zile punje. Maneno aliyoyachezea gulioni, kumbe kila moja lilikuwa na uzito wake na picha yake. Ilikuwa kama kuambiwa kwamba chini ya uwanja anaoufagia kila siku kuna mji.

"Na nusu krauni?"

"Shilingi mbili na peni sita."

"Basi krauni nzima ni shilingi tano."

Bibi alimpiga begani kwa furaha. "Umeipata. Lakini kwenye kopo la Jeni krauni nzima haikuwemo hata moja. Nikamuuliza, nyie mna nusu, nzima mmeiweka wapi? Akasema mfalme kaificha."

Walicheka wote wawili. Kisha bibi alishusha sauti, kama mtu anayefungua sanduku.

"Na kuna gini. Hiyo ndiyo iliyonishangaza kuliko zote. Gini ni shilingi ishirini na moja. Pauni na shilingi moja juu yake. Fundi seremala unamlipa kwa pauni, lakini daktari, wakili, mchoraji wa picha, hao unawatajia gini, ndiyo heshima. Lakini gini yenyewe, sarafu yake, ilishakufa zamani, hata babu yake Jeni hakuitumia. Limebaki neno tu, na watu wanaendelea kulipana kwa neno."

Shakila alilirudia kimoyomoyo: gini. Neno ambalo sarafu yake imekufa, lakini lenyewe linaishi. Na sasa lilikuwa Ruponda, juu ya mkeka, mdomoni mwa bibi yake.

"Twende dukani," bibi alisema. "Mimi muuzaji. Madamu, kofia hii ni kumi na tisa na kumi na moja."

"Ndiyo ngapi?"

"Shilingi kumi na tisa na peni kumi na moja. Peni moja tu haijafika pauni."

"Kama simu za mjini," Shakila alisema, "laki moja kasoro mia, ili uone ni rahisi."

"Basi wajanja ni wale wale."

Walicheza mpaka kivuli kikahama. Bibi alinyooka mgongo, akatoza, akarudisha chenji, akakataa kupunguza bei. Mwishowe Shakila aliuliza lile alilokuwa analiogopa.

"Kwa nini unahesabu kila alfajiri, bibi?"

Bibi alizikusanya mbaazi polepole.

"Mama yangu alipozeeka alitusahau wote. Alianza kusahau majina, kisha nyumba, kisha mimi. Nikasema, mimi nitajipima mwenyewe. Nitachukua hesabu ngumu kuliko zote ninazozijua, ile ya Jeni, niifanye kila siku kabla sijanena na mtu. Siku nitakayokosea pauni, nitamwita Kaimu mwenyewe aje kunichukua. Sijakosea bado."

Kile Shakila alichokiita majini ya Kizungu ndicho bibi alichokuwa analindia akili yake.

"Mwambie mjomba hivyo."

"Nimwambie nini? Mtu akishaamini wewe ni mwendawazimu, ukijieleza sana ndiyo anazidi kuamini. Ila huyo aliyeanza habari za majini, ningemjua ningemuuliza, mwenzangu, nilikukosea nini?"

Shakila akakunja khanga ambayo tayari ilikuwa imekunjwa.

Ijumaa, gari la Mjomba Kaimu liliingia uwanjani huku majirani wakichungulia. Shakila alimwamkia, naye mjomba akaitikia bila kumtazama. Vijana wawili walianza kubeba kitanda cha bibi. Bibi alitoka amevaa baibui yake nzuri, fimbo mkononi, kichwa juu. Hakulia wala hakubishana. Mwamina ndiye aliyekuwa anafuta machozi kwa ncha ya khanga.

Shakila aliona mguu wa bibi ukiinuka kupanda gari. Akasikia sauti yake mwenyewe kabla hajaamua kusema.

"Mjomba, bibi hana majini. Mimi ndiye niliyesema. Nilitunga."

Watu wote waligeuka. Alieleza yote: gulio, kijiti, kicheko cha Zuleha. Kisha akaeleza fadhingi na kandege kake, peni kumi na mbili, pauni ya shilingi ishirini, na mama yake bibi aliyesahau watoto wake. Alipofika hapo hakuweza kumtazama bibi.

Mjomba Kaimu alikuwa ameshika mlango wa gari. Mkono ukateleza chini.

"Pauni," alisema, kana kwamba amekutana na mtu waliyepotezana naye. "Nilipokuwa mtoto noti ya shilingi ishirini tuliiita pauni. Shilingi tano tuliiita dala. Mama, ulikuwa unanituma mafuta ya taa kwa sumni, ile senti hamsini, na unaniambia nikiidondosha nisirudi."

"Na ukaidondosha," bibi alisema.

"Nikaidondosha. Nikalala kwa shangazi."

Mtu mmoja kati ya majirani alicheka, kisha wote. Mjomba aliketi kwenye ngazi ya baraza kama mtoto mkubwa. Alikaa hapo kwa muda, akiyasema maneno yale moja moja, sumni, dala, pauni, huku akitikisa kichwa. Halafu akawaambia vijana wakirudishe kitanda ndani.

"Jumatano nakupeleka hospitali ya Mnero wakupime macho na presha, mama, maana macho hayo yananitia wasiwasi," alisema. "Kisha nakurudisha hapa kwenye mikorosho yako. Nisamehe. Niliamini watu wa sokoni nisiowajua, wewe mwenyewe nisikuulize."

Kisha akamgeukia Shakila, naye akajiandaa kwa kipigo.

"Sote wawili tumekosa kosa moja," mjomba alimwambia. "Tulisikia tusichokielewa, hatukuuliza. Mimi nikaogopa, wewe ukacheka. Mtu mzima akisema neno usilolijua, usiliite ujinga wala wazimu. Muulize maana yake, huenda amebeba dunia nzima ndani yake. Na ukweli umeusema, tena mbele yangu, nami najua natisha. Lakini uwongo ulioutangaza bado unatembea huko nje bila wewe. Nani atakayeufuata?"

Shakila alimtazama bibi yake. Bibi Hajra hakumkemea. Alimvuta karibu, akamfuta vumbi usoni kwa kiganja.

"Kumbe ni wewe, mke mwenzangu," alisema kwa upole. "Basi sina haja ya kuuliza nilikukosea nini. Ila usiku wa leo utamenya mbaazi zote."

Jumatatu asubuhi, wanafunzi walipokuwa mstarini na bendera imeshapandishwa, Shakila alimwomba ruhusa Mwalimu Dionisia. Alipita mbele ya Rashidy na Zuleha, akasimama mahali ambapo shule nzima ilimwona. Akavuta pumzi.

"Bibi yangu ana akili timamu, mimi ndiye niliyemzushia."