Vazi la Gari la Kaka

Wifi yangu ni fundi cherehani. Kila asubuhi, kabla hajanywa chai, hufungua mlango wa mbele, hulivua gari turubai, na kulifuta gari lote kwa kitambaa. Hulifuta hata kama halina vumbi. Kisha huingia ndani, huketi kwenye cherehani, na siku yetu inaanza.

Gari lenyewe ni dogo, la milango mitano, rangi ya kijivu. Ni la kaka yangu, yaani mume wake. Kaka anaendesha kreni bandarini, nchi ya mbali. Alipoondoka, binti yao alikuwa anatambaa. Sasa anakimbia, anavunja vikombe, na anajibizana na wakubwa. Tunamwita Kidoti, kwa sababu ya doa dogo jeusi lililo shavuni mwake.

Majirani wakimuuliza Kidoti, "Baba yuko wapi?" yeye huonyesha gari. Watu hucheka. Wifi naye hucheka, kisha huingia ndani, na cherehani hulia muda mrefu bila kupumzika. Nikisikia cherehani inalia hivyo, simsemeshi mtu.

Mimi ndiye dereva wa nyumba hii. Wifi anashona sare za shule, mimi nazipeleka. Kaka hupiga simu kila Jumapili.

"Hamjambo? Mtoto hajambo? Na gari je?"

"Unauliza gari kabla ya kuniuliza mimi," wifi humtania.

"Wewe nakusikia sauti. Gari halisemi."

Kaka alikuwa na ndoto yake moja. Zamani, akitoka kazini, alilizunguka gari mikono kiunoni. Alikuwa akiliambia, "Ngoja tu. Siku moja nitakuvalisha." Alitaka kulitia bodi kiti. Hivyo ni vipande vinavyofungwa nje ya gari ili lionekane la mbio: mdomo wa chini mbele, sketi za pembeni, na kibawa cha nyuma. Sisi tulimcheka. Sasa hakuna wa kumcheka, na ua wa nyumba uko kimya.

Jumapili moja kaka alisema, "Mwezi ujao nakuja likizo. Lakini wakubwa wa kazi wanataka niongeze mkataba. Nikifika nyumbani nitaamua."

"Sawa," wifi akasema. Akaweka simu mezani. Akalitazama gari kupitia dirisha.

"Nitalivalisha," akasema.

"Utalivalisha nini?"

"Gari. Akifika alikute limevaa. Nataka asione sababu ya kuondoka tena, wifi."

Ningemwambia aache. Lakini na mimi nilikuwa nimemkumbuka kaka yangu mpaka kifua kinauma. Nikachukua ufunguo wa gari.

Dukani tulikuta vipande vimepangwa ukutani. Vilikuwa vyekundu, vyeusi, vinang'aa. Wifi akachagua kwa macho, kama anavyochagua kitambaa. Muuzaji alikuwa mkweli, simlaumu.

"Hii ni ya gari kubwa kidogo kuliko lenu," alisema. "Ya gari lenu sina leo. Ngojeni niagize."

Wifi akatoa futi yake ya kushonea, akapima. Mdomo wa mbele ulizidi gari letu kwa shibiri moja.

"Shibiri tu," akasema. "Hakuna nguo isiyopunguzika."

Basi tulirudi nyumbani, tukaanza kushona gari. Ndiyo, kushona. Tuliukata ule mdomo katikati kwa msumeno, tukaitoa ile shibiri, tukaunga kwa gundi. Tukatoboa matundu kwenye bampa kwa drili ya kuazima. Tukafunga kwa skrubu ndefu. Mimi nilishika, yeye akakaza. Tulipomaliza tulirudi nyuma kutazama. Gari lilikuwa limependeza, nisiseme uongo. Wifi alilipiga picha, lakini hakuituma. Alitaka iwe siri.

Siku iliyofuata tulipakia sare. Kidoti alikaa nyuma, amefungwa mkanda kwenye kiti chake. Hatujafika hata sokoni, nikaona geji ya joto inapanda. Nikasema labda ni jua. Tukafika kwenye tuta la kwanza. Chini ya gari kukatoka sauti, kraaa, halafu kitu kikaanza kuburuzika. Nikasimama pembeni, nikazima injini. Mdomo wetu ulikuwa umepasuka palepale tulipounga. Nusu yake ilikuwa chini ya gari, karibu na tairi. Moshi mweupe ulitoka mbele.

Wifi akafungua boneti, akapeleka mkono kwenye kifuniko cha rejeta.

"Usikiguse hicho," sauti ikasema nyuma yetu.

Alikuwa Mama Msasa, jirani yetu wa ukuta mmoja. Yeye ni fundi rangi wa magari, na karakana yake iko nyuma ya nyumba yake. Jina hilo alipewa kwa sababu mikono yake haikosi vumbi la msasa. Alikuwa anatoka sokoni na kikapu chake.

"Maji humo ndani yanachemka," alisema. "Ukifungua sasa yatakurukia usoni. Acha lipoe kabisa. Mtoto mtoeni, akae kivulini."

Tukangoja. Mama Msasa akachuchumaa mbele ya gari. Akatazama kazi yetu kwa muda, midomo ameibana.

"Nani fundi?" akauliza.

"Mimi," wifi akasema.

"Nilijua. Mishono naiona. Hebu niambie, mteja akikuletea gauni la dada yake mnene, unafanyaje?"

"Napunguza."

"Na likibana?"

"Natoa pindo, naongeza."

"Haya. Gauni lina pindo. Hiki hakina pindo. Ukikikata, umekikata." Akaweka kidole kwenye bampa, chini ya namba ya gari. "Na hapa mlipoziba, hapa ndipo gari linapovuta hewa ya kupoza rejeta. Mmelivalisha skafu puani."

Mimi nilicheka. Wifi hakucheka. Alikuwa anatazama kile kipande kilichopasuka, na machozi yalikuwa yanamtoka. Akasema bila kujificha, "Anakuja mwezi ujao. Nilitaka akute liko tayari."

Mama Msasa akaweka kikapu chini. Kisha akasema, "Mtu harudi nyumbani kwa sababu ya bampa, binti yangu."

"Najua, mama. Lakini nifanye nini? Nilimkatia shati. Liko mezani mpaka leo, nashindwa kulishona. Sijui amenenepa, sijui amekonda. Vipimo vyake sinavyo tena. Vya gari ninavyo."

Mama Msasa akajifuta mikono kwenye kanga.

"Leteni gari kwangu," akasema. "Safari hii tutaanza na vipimo."

Gari lilipopoa tuliongeza maji, tukalirudisha polepole. Jioni hiyo Mama Msasa aling'oa vipande vyote. Kumbe skrubu moja ya pembeni ilikuwa imetokeza ndani, karibu na tairi la mbele. Aliigusa ncha yake.

"Mngekata kona kali, hii ingechana tairi," alisema. "Na mtoto anakaa nyuma." Wifi aliichukua ile skrubu. Mpaka leo iko kwenye kopo lake la vifungo.

Asubuhi tulikaa kwenye karakana.

"Kwanza, someni hati za gari," Mama Msasa alisema. "Aina yake, na mwaka wake. Magari ya jina moja hubadilika sura kila baada ya miaka michache. Kipande cha mwaka mwingine kitakataa. Na muuzaji akiwaambia ngojeni niagize, ngojeni."

"Na kile kilichong'aa sana?" niliuliza.

"Kile ni faiba. Kizuri, lakini kigumu. Kikigongwa kinapasuka. Njia yenu ina matuta, chukueni plastiki inayopinda. Tena si lazima gari livae kila kitu siku moja. Mdomo wa mbele na sketi mbili vinatosha."

Akanituma nikapime tuta lililo juu kuliko yote ninayopita. Nilikwenda na futi ya wifi, nikapiga magoti barabarani. Waendesha baiskeli wakaniuliza kama nalishonea tuta suruali. Kisha tukapakia sare zote garini, tukakaa ndani sote, kwa sababu gari lililobeba hushuka. Mama Msasa akapima kutoka chini ya bampa mpaka ardhini. Ndipo alipotuambia mdomo wetu usizidi urefu gani.

Vipande tulivyoagiza vilipokuja, wifi alitaka vipakwe rangi siku hiyo hiyo.

"Wewe unashona pindo kabla mteja hajajaribu nguo?" Mama Msasa akamuuliza.

"Sijafikia ujinga huo."

"Basi tulijaribishe gari nalo. Likikataa kabla ya rangi, unabadilisha dukani. Likikataa baada ya rangi, vipande ni vyako."

Wifi akaenda ndani, akarudi na kimto chake cha pini. Mama Msasa alicheka mpaka akakaa chini. Tukatumia tepu ya karatasi. Tulivishikiza vipande kwa tepu, tukafungua milango yote. Nikazungusha usukani kulia mpaka mwisho, na kushoto mpaka mwisho. Tairi halikugusa kitu. Tukawasha taa zote, tukaona hakuna iliyofichwa. Namba ya gari ilisomeka. Njia ya hewa ilikuwa wazi. Mama Msasa akaingiza mkono chini ya sketi ya pembeni, akatafuta mahali pa kuwekea jeki. Palikuwa wazi pia.

"Sasa limekubali," akasema.

Kazi ya msasa ilikuwa ya wifi. Alisugua vipande taratibu, akavifuta mafuta na vumbi, Mama Msasa akapuliza rangi ya kwanza ya kushikia, kisha ya kijivu. Wakati rangi inakauka, wifi alikaa kwenye kopo lililogeuzwa, anavitazama tu.

"Usione vyaelea, vimeundwa," Mama Msasa alimwambia. "Kesho nenda ofisi ya bima, uwaambie gari limebadilika. Wasije wakashangaa siku ya ajali. Na waulize wakaguzi wa magari kinachoruhusiwa."

Tulienda. Watu wa bima na wakaguzi wote walikubali.

Mdomo wa mbele ulifungwa kwa matundu ya gari lenyewe, kwa klipu na skrubu fupi. Yale matundu yetu ya drili Mama Msasa aliyaziba. Sketi ya upande wa abiria ikafuata. Ilipofika zamu ya upande wa dereva, wifi akaishika ile sketi ya mwisho, akaizungushia kitambaa laini.

"Hii tuiache," akasema.

"Kwa nini?" niliuliza. "Imebaki moja tu."

"Kazi ikiisha yote, ataitazama, atasifu, ataondoka. Nguo yake mwenyewe amalizie yeye."

Mama Msasa alimtazama, akaanza kufunga vifaa vyake.

Siku yake ilipowadia, kaka alifika mchana. Kwanza niliona begi lake. Lilikuwa dogo. Anayekuja kukaa habebi begi dogo. Wifi naye aliliona, nikajua kwa jinsi alivyolipokea kwa mikono miwili, kana kwamba lina uzito. Kidoti alikimbilia nyuma ya gari, akajificha.

Kaka alichuchumaa, akamwita. Hakutoka. Akasimama, na ndipo alipoliona gari. Alilizunguka, mikono kiunoni, kama zamani. Akapitisha kiganja kwenye mdomo wa mbele, kisha kwenye sketi. Alipofika upande wa dereva akasimama.

"Upande huu mmeusahau?"

"Hatujausahau," wifi akasema. "Umekungoja."

Kaka aligeukia ukuta. Akakaa hivyo kwa muda, anahangaika na kola ya shati lake, na kola haikuwa na tatizo lolote.

Asubuhi yake hakungoja chai. Aliegesha gari mahali palipo sawa, akavuta breki ya mkono. Aliliinua kwa jeki, akaweka stendi za chuma chini yake. Jeki peke yake si ya kuaminiwa, inaweza kuteleza. Kabla hajalala chini, wifi alimsimamisha, akampima mabega kwa futi.

"Umepungua," akasema.

"Nitajaa."

Akalala chali, akaingia chini ya gari, miguu ikabaki nje. Wifi alishika sketi kwa juu. Kidoti alisimama mbali kidogo, ameshika kopo la klipu. Kila mkono wa baba yake ulipotokeza, aliweka klipu moja, akarudi nyuma.

"Mwambie Mama Msasa," sauti ya kaka ikasema kutoka chini, "kile kibawa cha nyuma tutakitia mwezi wa tatu kutoka sasa. Tusifanye haraka."

Wifi hakutikisika. "Mwezi huo wewe utakuwa wapi?"

Chini ya gari klipu ikalia, tak.

"Hapa. Niwe wapi tena? Mkataba sikuongeza, begi kubwa linakuja kwa meli. Nipeni klipu."

Wifi akaweka paji la uso wake kwenye mlango wa gari, akakaa hivyo. Sketi hakuiachia.

Mama Msasa akapita getini na kikapu chake. Akamuuliza Kidoti kama anavyomuuliza siku zote, "Baba yuko wapi?"

Kidoti akanyoosha kidole, akaonyesha gari. Safari hii hakuna aliyecheka.