Mlango wa Nyuma wa Ukumbi

Hii ilimkuta jamaa yangu, fundi rangi, na mimi bado inaniuma. Shangazi yake alikuwa mwimbaji kwenye ukumbi wa dansi wa mtaani kwetu. Siku ukumbi ulipowaka moto, mlango wa nyuma ulikuwa na kufuli, eti watu wasiingie bure. Shangazi akafia pale mlangoni. Mwenye ukumbi anabisha mpaka leo: "Mlango ulikuwa wazi, walilewa tu." Hana hata haya!

Juzi mzee huyo kaamua kuugeuza ukumbi kuwa ghala, akamwita jamaa apake mlango ule ule rangi nyeupe kwa ndani. Jamaa akapaka huku amevimba kwa hasira. Alipomaliza wakatokea mlango huo huo, mzee akaupiga kufuli, ufunguo akatia mfukoni.

Hawajavuka hata uwanja, ngoma ikaanza kudunda mle ndani. Halafu viatu vikaburuzika, kama watu wengi wanakimbilia upande mmoja. Halafu mlango ukagongwa.

"Umemfungia nani humo?" mzee akafoka.

"Ufunguo unao wewe, mzee. Fungua."

"Sifungui!"

"Safari hii utafungua!"

Mzee akafungua. Ndani giza, kimya, hakuna mtu. Jamaa akaumulika mlango kwa simu. Rangi mbichi ilikuwa imejaa alama za viganja, vidole vimetanuka. Usawa wa kufuli viganja vilikuwa vimerundikana mpaka rangi imekwisha, na masizi ya zamani yanaonekana.