Njuga za Ngolo

Rafiki yangu Manyanda, Msukuma wa Kasansa, hataki tena kusikia ngoma. Mavuno ya mwaka tisini na sita, mdogo wake Ngolo alifukiwa hai uwanjani kwenye mashindano ya vikundi viwili vya ngoma, kuwavutia watazamaji kama alivyozoea, njuga miguuni. Zikilia, yu mzima; zikinyamaza, afukuliwe haraka.

Manyanda akaenda kisimani kuchota maji ya kumnawisha akitoka. Aliporudi giza lilishaingia, na njuga bado zilikuwa zinalia chini ya udongo.

“Mtoeni, shemeji,” mke wa Ngolo akasihi. “Inatosha.”

“Subiri kidogo. Si unamsikia anavyocheza?”

Wapinzani walipokubali kushindwa, wakafukua. Ngolo alikuwa baridi, amekakamaa kama gogo. Njuga zilinyamaza pale tu Manyanda alipomshika miguu.