Mgomba Uliozikwa kwa Jina la Wanzala

Jumamosi hiyo ya Agosti 1998 soko la Kawangware lilikuwa halipitiki. Nelima, ndani ya sweta ya manjano na leso legevu kiunoni, alikuwa akichagua sukuma wiki.

"Niaje, mrembo. Bado unachagua majani kama mtu anachagua bwana?"

Sukuma ikamtoka mikononi. Nyuma yake alisimama Wanzala, mumewe, amekonda, mguu mmoja ukiburuta, na tabasamu lile lile lililomfanya ahamie kwake Kambi Muru, Kibera, bila kuaga kwao.

"Wewe ulikufa," Nelima alisema.

"Nani amesema? Wiki nzima nakutafuta Kibera, dia. Nimebisha kila mlango."

Wanzala, fundi wa nondo, alikuwa ameenda Pwani mwaka uliotangulia kukarabati daraja la barabara juu ya mto Tana. Kila Jumapili alipiga simu duka moja la Makina, hapo hapo Kibera, na Nelima akaikimbilia.

"Umekula, mpenzi?"

"Nitakula aje na haupo?"

Mwenye duka alicheka mpaka akazoea. Kisha mvua za El Nino zikaja, mto ukalibeba daraja pamoja na mafundi. Duka nalo likafungwa, mwenyewe akahama.

"Nilivunjika mguu na nyonga," Wanzala alisema. "Miezi saba hospitali. Nilipiga hiyo simu mpaka nikachoka. Nikaandika barua kwa sanduku la posta la duka."

"Hakuna kitu nilipata. Mwezi wa pili mwaka huu wazee wakasema inatosha. Wakakata mgomba badala ya mwili wako, wakauweka kwa jeneza na suti yako ya kahawia, wakauzika huko nyumbani Bungoma. Nilinyolewa kama mjane, Wanzala. Nililia mpaka sauti ikaisha."

"Sasa si nimefufuka? Twende nyumbani."

Nelima hakusogea. Ndipo Wanzala alipoliona tumbo.

"Ya nani?"

"Ng'ombe wenu wa mahari walikuwa wameshafika kwetu. Baada ya matanga, wazee wakauliza nani atanirithi." Nelima aliinama. "Morris."

Morris, mdogo wake Wanzala mwenyewe, aliyelelewa naye tangu baba yao afariki. Angekuwa mwanamume mwingine, Wanzala angemfuata siku hiyo hiyo wakavunjane mbavu. Sasa hakuwa na wa kumchukia, na hilo lilimuuma zaidi.

"Ananitunza hapa Kawangware, sitakudanganya," Nelima alisema, machozi yakimtiririka mbele ya wachuuzi. "Lakini ni wewe nakupenda. Nichukue twende Pwani, hata leo."

Wanzala alitaka. Mungu anajua alivyotaka.

"Nikikuchukua, huyo mtoto ataniita baba, na Morris atamwita nani?"

Aliinama kwa shida, akaokota sukuma, akaifuta vumbi kwa shati lake na kumwekea kikapuni.

"Nitapitia nyumbani mama anione, huo mgomba ufukuliwe. Halafu narudi kazini. Daraja halijaisha."

"Na mimi?"

Wanzala alimtazama mpaka watu wakaanza kuwasukuma wapite.

"Msalimie Morris," alisema. "Haya, shemeji."