Aliyejibu Kutoka Ndani

Wifi yetu, fundi cherehani, alikwenda kuhiji asubuhi ya jua zuri, pini bado zimechomekwa kwenye kola. Binti yake alikuwa ameanza uchungu.

"Nawasha mshumaa tu, narudi. Usizae bila mimi, wewe!"

Kanisa lile la kilimani watu hulijia kutoka mbali, wengine kwa magoti. Zamani za vita, waumini walikimbilia humo. Mlinzi akawafungia kwa nje ili wasalimike, naye akauawa njiani, ufunguo kiunoni. Wakapiga mlango mpaka wakaisha. Hao ndio mahujaji huwasihi wawaombee. Tangu hapo mlango haufungwi kabla bawabu hajauliza, "Kuna aliyebaki?" Aliyemo lazima aitikie. Hata watoto wanajua.

Adhuhuri bawabu alipouliza, fundi alikuwa amepiga magoti nyuma ya nguzo. Alisikia vizuri. Lakini mtu mwenye mdomo kama mkasi, siku hiyo akaona uvivu kuufungua.

"Macho anayo," alijisemea. "Si aje aone."

Nyuma yake sauti ikajibu, "Hakuna. Funga."

Ufunguo ukazunguka.

Aligeuka. Mabenchi matupu.

Akakimbilia mlango, akaupiga ngumi. "Baba, fungua! Nipo! Binti yangu anazaa!"

Mbao nene. Nje, nyayo zikaenda zake.

Mshumaa ukazimika. Kando yake, mwingine akapiga mlango. Taratibu. Kisha wengine. Ngumi nyingi, mbao zikitetemeka, na mkono hauonekani hata mmoja.

"Sauti zetu zimekauka," alinong'onezwa sikioni. "Tuazime yako."

Alasiri bawabu alimkuta kizingitini, kucha zimevunjika.

"Mama, mbona hukuitikia?"

Fundi akafungua mdomo. Kimya.

Mjukuu alikuwa ameshazaliwa. Alimpakata, akachezesha midomo, hakikutoka kitu. Mdomo ule uliotuchoma ukoo mzima! Daktari alimulika koo, akasema ni zima.

Siku ya ubatizo, mtoto ana miezi mitano, tulipanda tena kilimani. Ibada ilipokwisha tulikaa ngazini, fundi katikati yetu, mtoto mapajani. Bawabu akashika ufunguo.

"Kuna aliyebaki?"

Kutoka ndani, sauti ya wifi yetu ikajibu, "Hakuna. Funga."

Hakuna aliyethubutu kumtazama mwenzake. Fundi akamziba mjukuu masikio kwa viganja viwili. Amechelewa. Ile sauti mtoto aliijua tangu tumboni. Alikwishageuza shingo, anacheka, kanyoosha mikono kuelekea mlangoni.