Kamera Haioni Moyoni

Mimi ni fundi wa kuchomelea vyuma. Mke wangu anaandika tamthilia za televisheni. Asubuhi nikienda karakana, yeye anaondoa vyombo mezani, anaanza kuandika.

Kazi hiyo aliianza kwa majaribio. Alipewa sehemu moja tu aandike. Alipoipeleka, mkuu wa waandishi akamrudishia. Alimwambia hadithi ni tamu, lakini haiigiziki. Asipoirekebisha kufikia Ijumaa, nafasi atapewa mwingine.

Mke wangu akashindwa kula. Mimi niliisoma, sikuona kosa. Basi nikamwita jirani yetu, mwigizaji wa siku nyingi. Mtaani tunamwita Bi Machozi, maana kwenye televisheni yeye ni kulia tu.

Tukaisoma kwa sauti pale sebuleni. Bi Machozi akawa mama. Mimi nikawa mwana aliyetoroka nyumbani na sasa amerudi. Bi Machozi alisema nasoma kama natangaza mnada. Tukafika hapa: “Mama anamtazama mwanawe. Moyoni ameshamsamehe.”

Bi Machozi akaweka karatasi chini.

“Hapa nifanye nini, mwanangu?”

“Umsamehe,” akasema mke wangu.

“Nimeshamsamehe. Umeona?”

Mke wangu akatikisa kichwa. Bi Machozi akamweleza taratibu. Kitabu kinaweza kusema yaliyo moyoni, kamera haiwezi. Mwandishi wa filamu anaandika kinachoonekana na kinachosikika, basi. Kisha akanigeukia.

“Fundi, huyu akikununia, unajuaje kwamba yameisha?”

“Sahani yangu inakaa mezani imefunikwa,” nikasema. “Hasira zikimtoka, anakuja kuifunua mwenyewe.”

Mke wangu alicheka mpaka akashika mbavu. Halafu akachukua kalamu, akafuta maneno yale. Akaandika: “Mwana amesimama mlangoni. Mezani kuna sahani imefunikwa. Mama anaifunua. Anavuta kiti.”

Akaipeleka kabla ya Ijumaa, ikapokelewa. Leo ni mwandishi kamili wa tamthilia ile. Kila anachoandika tunakisoma kwa sauti kwanza, na mimi bado nanadi. Namshukuru sana jirani yule.

Sehemu ile ilipoonyeshwa, tuliitazama nyumbani kwa Bi Machozi. Mama mkwe wangu alikuwepo, naye huwa anaongea filamu nzima. Safari hii alinyamaza. Mama wa kwenye tamthilia alipovuta kiti, mama mkwe akasema polepole, “Kamsamehe.”

Hakuna aliyekuwa amemwambia. Mke wangu akaushika mkono wa Bi Machozi, hakuuachia mpaka mwisho.